Tishali Linapoitwa Vitani

Hotuba iliyotolewa Tanga, mbele ya mabaharia, wafanyakazi wa bandari na wanafunzi wa masomo ya bahari

Waheshimiwa wageni wetu, mabaharia, ndugu zangu wa bandarini, walimu, nanyi vijana mnaosomea kazi za bahari. Wazee wangu, shikamooni. Wengine wote, hamjambo.

Nimeombwa nizungumzie vyombo vya baharini katika Vita Kuu ya Pili ya Dunia. Mtu akisikia hivyo, fikira humwendea moja kwa moja kwenye manowari, nyambizi na meli za kubebea ndege. Hizo zimeshaandikwa sana. Mimi nimekuja na habari ya tishali. Hapa Tanga sina haja ya kueleza tishali ni nini: kwa miaka mingi meli zilitia nanga nje, shehena ikaletwa gatini kwa matishali, na wapo humu ukumbini waliolipiwa karo na kazi hiyo.

Chombo hicho cha kubebea saruji, nafaka na makaa ya mawe kilichukuliwa na majeshi ya majini ya Ulaya kati ya mwaka 1940 na 1944, na kilichukuliwa na pande zote mbili. Mara zote sababu ilikuwa umbo lake. Wafanyabiashara na mafundi walikuwa wamelipata umbo hilo zamani, kwa kuhangaikia bei ya kusafirisha tani moja ya ngano. Majenerali walipokwama ndipo wakaja kuliomba.

Tuanzie Mto Thames, unaopita London. Mto ule una maji yanayojaa na kupwa kwa nguvu, na kwenye mlango wake umejaa mafungu ya mchanga na vijito vya tope. Chombo chenye mkuku mrefu hakifiki mbali humo. Kwa hiyo mafundi wa huko waliunda tishali la matanga, yaani jahazi la chini bapa kabisa, lisilo na mkuku wa kushuka majini. Ubavuni, kila upande, wakalitundikia ubao mpana wa kushushwa na kupandishwa, ili likienda joshi lisisukumwe na upepo likapotea njia. Maji yakipwa, jahazi linakaa juu ya tope, limetulia wima, mkulima anakuja na mkokoteni wake hadi ubavuni anapakia. Maji yakijaa, linaondoka.

Tanga lake kubwa halikuning'inia kwenye foromali kama la majahazi yetu. Lilishikiliwa na boriti ndefu ya mshazari iliyoanzia chini ya mlingoti hadi kwenye pembe ya juu ya tanga. Matanga yalipakwa mchanganyiko wa udongo mwekundu na mafuta ya samaki yasioze, ndiyo maana picha zote za vyombo hivi zinaonyesha rangi ile ya kutu. Na mlingoti wenyewe ulilazwa chini chombo kilipopita chini ya daraja. Jahazi la urefu wa futi 80, lenye tani mia na zaidi ngamani, liliendeshwa na watu wawili: nahodha na msaidizi wake. Mabaharia mnaonisikiliza, lipimeni hilo. Watu wawili! Chombo chetu cha ukubwa huo haking'oi nanga bila watu wengi zaidi.

Vyombo hivyo vilipeleka majani makavu London kwa ajili ya farasi wa mjini, vikarudi na samadi ya farasi haohao kwa ajili ya mashamba. Vilibeba matofali yaliyojengea mitaa ya London, na ngano, na shayiri. Mwaka 1939 vita vilipoanza bado vilikuwa kazini, ingawa magari na meli za injini zilikuwa zimevipokonya mizigo mingi.

Mwezi Mei 1940 majeshi ya Ujerumani yalipenya Ufaransa na Ubelgiji kwa kasi ambayo hakuna aliyeitarajia. Jeshi la Uingereza, pamoja na Wafaransa wengi, likasukumwa hadi pwani ya Dunkirk, kaskazini mwa Ufaransa, mgongo baharini. Kuanzia tarehe 26 Mei hadi tarehe 4 Juni, Admeri Bertram Ramsay, akiwa Dover upande wa pili wa mlangobahari, aliongoza kazi ya kuwaondoa. Walitolewa watu 338,226.

Shida ya Dunkirk ilikuwa hii. Bandari ilipigwa mabomu ikawaka moto. Ufukwe wake ni tambarare, unateremka polepole mno. Maji yakipwa bahari inarudi mbali, na meli kubwa inasimama nje kabisa ikiwatazama askari waliojipanga ndani ya maji hadi mabegani. Askari walifikia hatua ya kuingiza malori baharini, wakayapanga mstari mmoja wakati maji yamepwa, wakatandika mbao juu yake ili wapate gati la muda. Mahali kama hapo panahitaji chombo kinachoweza kukaa mchangani bila kupinduka.

Majahazi ya Thames yakaitwa. Baadhi yalitwaliwa yakiwa katikati ya kazi zao za kila siku, manahodha wakaelekezwa Dover. Walikuwa raia, wengine watu wazima waliokwisha kuota mvi, na hawakuwa na bunduki wala kofia ya chuma. Waliambiwa wanakokwenda na hatari yake, wakaulizwa nani yuko tayari, na wakajitokeza. Ili wahesabike chini ya jeshi la majini, raia wengi waliokwenda Dunkirk walitiliana saini na serikali kwa muda wa mwezi mmoja. Kwa karatasi hiyo, mtu aliyebeba shayiri juma lililopita akawa mtumishi wa vita.

Majahazi yenyewe yalipewa kazi za namna mbili. Mengine yalipakiwa maji ya kunywa, chakula na risasi, yakapandishwe ufukweni makusudi na kuachwa pale, yawe ghala na wakati huohuo gati. Mengine yalipelekwa kuchukua watu. Kwa mwenye chombo, ile kazi ya kwanza ndiyo iliyouma zaidi. Nahodha analiingiza jahazi lake mchangani akijua hatalitoa tena, anafunga kamba zake vizuri kwa mazoea, kisha anashuka na kwenda kutafuta meli ya kumrudisha kwao. Aidie na Barbara Jean, mali ya wafanyabiashara wa nafaka wa mji wa Ipswich, yaliishia hukohuko. Ethel Everard, jahazi la chuma lililoundwa mwaka 1926, miongoni mwa makubwa kabisa ya aina yake, nalo liliachwa ufukweni. Zipo picha zilizopigwa baada ya Wajerumani kuuteka mji: jahazi limekaa mchangani wima kama lilivyozoea kukaa nyumbani, milingoti bado imesimama.

Jahazi ninalotaka tulitazame kwa karibu linaitwa Pudge. Liliundwa mwaka 1922 karibu na mji wa Rochester, kwenye Mto Medway, kwa kazi ya mizigo ya kawaida. Nahodha wake alikuwa Bill Watson. Lilivutwa kuelekea Dunkirk pamoja na majahazi mengine mawili, Lady Rosebery na Doris, yote yakifuata nyuma ya tagi moja iliyoitwa St Fagan. Walipokaribia pwani ukatokea mlipuko mkubwa. Tagi ilizama. Lady Rosebery na Doris yalizama. Pudge lilirushwa juu, likatua majini likiwa bado zima. Watson na wenzake, badala ya kugeuza na kukimbia, waliwaokota waliokuwa wakielea, ndipo wakaelekea nyumbani, na baadaye tagi nyingine ikawakuta na kuwavuta hadi Ramsgate. Kwa hesabu za jeshi, safari ile haikuleta kikosi chochote kutoka ufukweni. Ilileta mabaharia waliotolewa majini. Kwangu mimi safari ya Pudge inastahili kuandikwa kwa wino uleule unaoandikia manowari.

Habari ya jahazi la Ena ni ya kustaajabisha. Liliundwa Harwich mwaka 1906, nalo lilikuwa la walewale wafanyabiashara wa Ipswich. Nahodha wake, Alfred Page, aliamriwa aliache ufukweni aondoke na watu wake. Akatii. Baadaye kundi la askari wa nchi kavu wakalikuta pale, wakapanda, maji yalipojaa likaelea, wakatweka matanga na kulifikisha Uingereza. Nimetaja kuwa jahazi hili linaendeshwa na watu wawili. Hapa ndipo sifa hiyo ilipookoa roho za watu. Laiti vifaa vyake vingekuwa vya kuhitaji mabaharia kumi wenye ujuzi, askari wale wasingefika popote.

Tusidanganyane lakini. Wengi katika wale 338,226 waliondokea bandarini, juu ya ukuta mrefu wa kuzuia mawimbi, wakapanda manowari na meli za abiria. Kutoka ufukweni waliondolewa zaidi ya 98,000, na hata hao wengi waliishia kwenye meli kubwa baada ya kubebwa na vyombo vidogo. Anayesema majahazi na mashua ndiyo yaliyoliokoa jeshi lote anazidisha chumvi. Ninachosema mimi ni kwamba bila chombo cha chini bapa, mtu wa ufukweni hakuwa na njia ya kuifikia meli.

Na hapo ndipo wanapoingia Waholanzi, ambao kwa kawaida hutajwa kwa mstari mmoja tu. Uholanzi iliposalimu amri katikati ya Mei 1940, vyombo vyake vingi vidogo vya injini, vya kubebea mizigo kwenye mifereji na pwani, vilikuwa vimekimbilia Uingereza. Ni vyombo vifupi, vipana, tumbo bapa, vilivyoundwa kupita mifereji ya kina kifupi. Uingereza ilichukua kiasi cha 40, ikaweka mabaharia wake wa jeshi la majini ndani, ikapandisha bendera nyeupe ya jeshi hilo. Siku chache tu kabla vilikuwa vikisafirisha viazi na jibini. Sasa ni vyombo vya kivita, kimojawapo kikiitwa Hilda. Vilibeba zaidi ya watu 22,000 kutoka Dunkirk, na vilivyopotea ni vinne tu. Ukitafuta chombo cha biashara kilichofanya kazi kubwa kwa hasara ndogo katika siku zile, sidhani utapata cha kuvishinda hivyo.

Baada ya Dunkirk, zamu ikawa ya Ujerumani. Majira ya joto ya mwaka huohuo, Hitler aliagiza maandalizi ya kuivamia Uingereza kupitia baharini. Jeshi lake la majini halikuwa na vyombo vya kuteremshia askari na vifaru ufukweni. Likafanya kile ambacho lingeweza: likatwaa matishali ya mito. Yalikusanywa kiasi cha 2,400, kutoka Mto Rhine, Uholanzi, Ubelgiji na Ufaransa. Yale ya Ufaransa yalikuwa na urefu wa meta 38 na nusu hivi, yakibeba tani 360. Ya Ubelgiji yalikuwa makubwa zaidi, ya meta 50 na tani zaidi ya 600. Theluthi moja tu hivi ndiyo yaliyokuwa na injini. Mengine yalikuwa ya kuvutwa.

Mafundi waliingia kazini. Omo ya tishali ilikatwa, pakawekwa mlango wa kuangushwa chini na njia ya mbao ili kifaru kishuke. Sakafu ya ngama ikamwagwa zege iweze kuhimili uzito. Hebu fikirini, ninyi mnaofanya kazi ya karakana: tishali la mtoni, ambalo maisha yake yote halijaona wimbi la maana, limekatwa omo, limeongezewa zege, litavutwa polepole usiku kuvuka mlangobahari wenye mikondo mikali. Maofisa wa majini wa Ujerumani wenyewe walijua kwamba bahari ikichafuka kidogo, matishali yatajaa maji.

Na kuna jambo ambalo vitabu vya vita hulipita haraka. Matishali mengi ya mito ile yalikuwa nyumba za watu. Nahodha aliishi tezini na mkewe na watoto, dirishani pazia, nguo zimeanikwa juu ya sitaha. Serikali ikitwaa tishali imetwaa kazi na nyumba kwa mkono mmoja. Tena makaa ya mawe na chuma vya viwanda vya Ujerumani vilipita mitoni humo humo. Kuyaondoa matishali kwa maelfu kulikuwa ni kuubana uchumi wake wenyewe.

Yalipopangwa bandarini Antwerp, Ostend, Calais na Boulogne, ndege za Uingereza zilianza kuyaandama usiku baada ya usiku. Usiku wa tarehe 15 Septemba 1940, ndege moja iliyokwenda kupiga matishali ya Antwerp ilishika moto ikiwa angani. Sajenti John Hannah, kijana wa miaka 18, aliuzima moto ule, na alipoishiwa na kifaa cha kuzimia aliendelea kuupiga kwa kile alichoshika mkononi, mpaka ukazimika, naye ameungua vibaya. Alipewa Msalaba wa Viktoria, nishani ya juu kabisa ya ushujaa nchini mwake. Ikifika Septemba 21, zaidi ya matishali 200 yalikuwa yamezama au kuharibiwa. Hitler alikuwa ameshaahirisha uvamizi tarehe 17, zaidi kwa sababu hakuweza kuitawala anga. Matishali yaliyobaki yakaanza kurudishwa mitoni.

Waingereza nao walijifunza. Kuanzia mwaka 1942, wakijiandaa kurudi Ufaransa, walitwaa matishali ya Thames kiasi cha elfu moja. Haya hayakuwa majahazi ya matanga. Yalikuwa matishali mabubu, yasiyo na tanga wala injini, ndugu halisi wa haya yetu ya Tanga. Yalifungwa injini na usukani, na mengi yakatengenezewa mlango wa kushukia tezini, kinyume na walivyofanya Wajerumani, magari yakawa yanashuka kwa nyuma. Kila kundi likapewa kazi yake. Palikuwa na tishali la magari, tishali la mafuta, tishali la maji matamu, tishali la karakana lenye mafundi na zana za kuchomelea, tishali la mizinga.

Lakini mimi moyo wangu uko kwenye tishali la jikoni. Fikirini hali ilivyokuwa pwani ya Normandy, Ufaransa, baada ya majeshi kuteremka huko tarehe 6 Juni 1944. Mamia ya boti ndogo za kuteremshia askari zinakwenda na kurudi kati ya meli na ufukwe, mchana na usiku. Nyingi hazina jiko. Vijana waliomo wamelowa, wamechoka, wamekula biskuti na nyama ya kopo tangu waondoke. Meli kubwa zina kazi zake, haziwezi kulisha kila boti inayopita. Jeshi likachukua matishali machache, likajenga juu yake banda refu lenye mabomba ya moshi, likaweka majiko, oveni, majokofu na matangi ya maji, likawapakia wapishi. Tishali moja la jikoni liliundwa kutoa kwa siku milo 1,600 ya moto na 800 ya baridi, likiwa na chakula cha kuwatosha watu 900 kwa juma zima. Mikate iliokwa humohumo. Boti inakuja ubavuni, inafunga kamba, vyombo vya chakula vinateremshwa, inafungua inakwenda.

Wapishi wale walivuka mlangobahari siku ambazo bahari ilikuwa mbaya, ndani ya sanduku la chuma la bandarini. Kuanzia tarehe 19 Juni ikapiga dhoruba ya siku tatu iliyovunja moja ya bandari bandia zilizokuwa zimejengwa pale na kutupa mamia ya vyombo ufukweni. Ilipotulia, watu walikuwa na njaa zaidi kuliko mwanzo. Hapo ndipo mpishi anapokuwa mwanajeshi kamili, na ningependa kumwona yeyote anayebisha.

Mtaniuliza kama kwetu hayakutokea. Yalitokea, tena mapema zaidi, katika Vita Kuu ya Kwanza, Ziwa Tanganyika. Liemba ya Kigoma, mnayoijua wote, ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913 kwa jina la Graf von Götzen, ikaletwa vipande vipande ndani ya masanduku, ikaundwa upya Kigoma na kushushwa majini mwaka 1915. Ilikusudiwa abiria na mizigo. Vita ikaifunga mzinga wa milimeta 105 uliotolewa kwenye manowari Königsberg. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha. Na upande wa Wabelgiji, kati ya vyombo vilivyopigana ziwani humo mwaka huohuo, kimojawapo kilikuwa tishali la injini lililofungwa mizinga, likiitwa tu kwa uzito wake: Dix-Tonne, yaani tani kumi. Hata jina la heshima halikupewa. Makuli na mabaharia Waafrika waliobeba, waliounda na waliosukuma vyombo hivyo ziwani walikuwa wengi, na waliosalia na majina yao katika maandishi ni wachache mno. Hilo ni deni, na wanaoweza kulilipa ni nyinyi wenye wazee Kigoma, Ujiji na Kalemie.

Vita vilipokwisha, vyombo vya Thames vilivyosalia vilirudi kwenye mizigo. Greta, jahazi la mwaka 1892 lililofika Dunkirk na kisha kubeba risasi kuzipelekea manowari mlangoni mwa Thames, liliendelea kufanya kazi na bado linaelea. Ena lilirudishwa kwa wenyewe, likabeba nafaka tena. Pudge lilibeba shehena hadi mwaka 1968, likanunuliwa na kikundi cha wapenzi wa majahazi hayo kinacholitunza, na limewahi kurudi Dunkirk kwenye kumbukumbu pamoja na mashua nyingine zilizokuwako. Limejengwa kwa mbao, kwa hiyo kila miaka kadhaa hupandishwa chelezoni, mbao zilizooza zikatolewa na kuwekwa mpya, na gharama ni kubwa.

Muda wangu umekwisha. Nimeleta michoro mikubwa ya jahazi la Thames na ya tishali la jikoni, ipo pale ukutani. Mafundi, njooni tuitazame pamoja, hasa ile inayoonyesha namna ubao wa ubavuni unavyofungwa na kushushwa. Wenye maswali pia nawakaribisha. Asanteni sana.